Ombi Nimeliondoa, Mama Yako Sijamwondoa

Landless, Thika
Alhamisi, saa tisa mchana

Kwako Wangari, maitu,

Ninaandika na kalamu yako, ile ya bluu uliyokuwa unatafuta jana ukigongagonga droo ili nisikie kwamba umekasirika. Niko nayo tangu Jumanne. Nilitaka ukuje uniulize, hata kama ni kwa kunifokea. Wewe ukaenda kuazima ya jirani. Kiburi hicho umetoa kwa mama yangu, na kwa sababu tulikupa jina lake nikakuita maitu, mama yangu, siwezi kukuchapa wala kukulaumu. Mtu hachapi mamake.

Sasa umeenda Makongeni kumuaga shangazi yako, na yeye akishika mtu kwa maombi hamwachilii mpaka ataje kila mnyama wa porini ambaye Mungu anapaswa kumzuia njiani. Kwa hivyo niko na muda. Barua nitaiweka kwenye begi lako, katikati ya zile sare nyeupe za unesi ulizozipiga pasi mara mbili. Mwandiko usikushangaze. Unakumbuka nilikuandikia mwalimu wako barua ya ruhusa, akasema umeiandika wewe mwenyewe, akakuchapa? Mwandiko haujabadilika. Darasa la tano ni darasa la tano.

Mambo ya kula vizuri na kuchagua marafiki, shangazi anakuambia saa hii huku amefumba macho. Jua la Lodwar, huko serikali imekupeleka kazi, utaliona mwenyewe. Mimi nataka kukuambia kwa nini Jumanne nilisimama kortini nikaondoa lile ombi letu, kwa sababu tangu siku hiyo maneno uliyoniambia ni mawili, "chai iko," na chai yenyewe haikuwa na sukari.

Najua unachofikiria. Najua pia kinachosemwa hapa Landless, maana kinyozi wa pale kona ameanza kuniita Mzee wa Barabarani, na wateja wake wanacheka mpaka wanakatwa vibaya. Wanasema nimekubali ile ploti ya barabarani, na kwa sababu hiyo nimeiachia kampuni ya viwanja ile ya chini kwenye kijito, pamoja na kaburi la mama yako. Wanasema nimembadilisha Nyambura na mahali pa kuegesha lori.

Si kweli. Lakini ukweli wenyewe hauna sura nzuri kuliko huo uvumi, na ndiyo maana nimeficha kalamu siku mbili.

Niseme kwanza kwamba ninaogopa. Wewe umenizoea nikicheka hata mazishini, unadhani mimi sina kiungo cha uoga. Kipo. Tangu Jumanne, lango likigongwa ninasimama katikati ya nyumba nikisahau nilikuwa nafanya nini.

Ile hadithi ya mkono wangu unaijua. Nimekusimulia kabla hujajua kutembea. Kampuni ya kununua mashamba ilipotugawia ardhi kule Gatuanyaga, sisi wanachama tulipanga mstari, mbele kukawa na debe, ndani ya debe vikaratasi vilivyokunjwa, kila kimoja na namba ya ploti. Hiyo ndiyo baloti. Nikakunja shati, nikaingiza mkono, nikautoa na ploti ya kijitoni, udongo mweusi, maji karibu. Mkono wa bahati. Nimeisimulia hiyo kwenye harusi, kwenye kamati, na hata siku tulipomzika mama yako, nilisimama mbele ya watu nikasema ni mkono huu uliomtafutia mahali pazuri pa kulala.

Wangari, mkono huu ulitoa ploti ya barabarani.

Mawe matupu na miba. Hata mbuzi angeomba uhamisho. Nilipofungua kile kikaratasi mama yako alisoma namba, akatazama kilima chenyewe, akakaa chini kwenye vumbi na nguo yake ya kanisani. Aliyetoa ploti ya kijitoni ni Kimani. Kimani huyu ulimjua, yule rafiki yangu tuliyesimamia naye mashine za kufuma kiwandani miaka yote, aliyekuwa anakuletea vipande vya kitambaa ushone nguo za mwanasesere. Yeye alitaka kufungua duka, na duka linataka barabara. Mama yako alitaka maji ya nduma zake, yale magimbi. Mimi nilibaki nimesimama pale kama nguzo, nikiona aibu ya mkono wangu. Ni mama yako aliyemwendea Kimani akamwambia, "Baba Njoroge, wewe utauza sukari kule chini kwa vyura? Tupatie ya kijitoni, uchukue ya juu." Kimani akacheka, akakubali papo hapo.

Tukabadilishana. Tukanywa chai birika mbili, tukazunguka ploti zote mbili kwa miguu na wazee wawili, tukapanda matoka kwenye kona, yale maua ambayo mtu wetu hawezi kuyang'oa kwenye mpaka hata akiwa amelewa. Tukapeana mikono, basi. Ofisini hakuenda mtu. Na si sisi tu. Siku ile nusu ya wanachama walirudi nyumbani na ploti ambayo wenzao ndio walioichukua kwenye debe. Mmoja alitaka kuwa karibu na dada yake, mwingine hakutaka kuonana na shemeji yake. Kila mtu alijua nani yuko wapi. Kitu pekee ambacho hakikujua ni kile kitabu cha kampuni, ambacho kiliandika namba kama zilivyotoka kwenye debe na kikafungwa kabatini.

Jumatatu tuliporudi kazini wakaniuliza nimepata wapi. Nikasema kijitoni. Wakasema, wewe una bahati. Ningeweza kusema nimebadilishana na Kimani. Lakini walikuwa wananitazama vizuri, na mimi sikuwa nimezoea kutazamwa vizuri. Nikainua mkono nikasema, huu hapa. Kimani alikuwa amesimama karibu, ana uzi mdomoni. Akasema tu, "Huo mkono wake, wacha tu." Amekufa bila kunisuta hata siku moja. Mama yako naye alikuwa ananifinya chini ya meza kila nilipoanza, halafu anawaongezea wageni chai ili wasikilize mpaka mwisho.

Uongo mdogo kama huo haukusumbui, na hapo ndipo ubaya wake ulipo. Ungekuwa unawasha ningeutema. Ulikuwa mtamu, nikauzoea, mpaka siku nyingine nilikuwa nakumbuka kabisa lile debe na kile kikaratasi cha kijitoni kwenye vidole vyangu. Ninakuambia kweli, ningeweza kukuonyesha kilivyokuwa kimekunjwa.

Yaliyofuata unayajua nusu. Hati zilipoanza kutolewa, mimi na Kimani tuliambiana tutaenda kurekebisha majina. Tutaenda mwezi ujao. Mimi ofisi zinanitia jasho, unajua, na Kimani alikuwa na duka. Mwezi ujao ukaja mara nyingi. Kimani akafa. Njoroge mwanawe akaenda na karatasi za urithi, kitabu kikafunguliwa, ploti ya kijitoni ikaonekana ni ya marehemu babake. Akaiuza kwa kampuni ya viwanja ya kule Ruiru, na siku moja tukafika kupalilia tukakuta vigingi vyekundu vimepita katikati ya nduma, kimoja hatua nne kutoka kichwani pa mama yako.

Wewe ndiye ulisema twende kortini. Nilijivunia sana siku hiyo, hata nilivaa tai. Tukapanda zile ngazi juu ya agroveti, lile duka la dawa za mifugo, tukamkuta Wakili Nafula, msichana mdogo kuliko wewe, nikakunong'oneza kama amemaliza shule kweli ama amekuja kumngoja mamake. Ulinikanyaga. Akaandika, akaandika, halafu akainua macho akaniuliza, "Mzee, hii namba ya kijitoni uliichukua wewe mwenyewe siku ya baloti?"

Nataka ukumbuke hapo vizuri. Nilikutazama wewe. Ulikuwa umeanza kutabasamu, kwa sababu ulijua hadithi inakuja. Ulikuwa unaingojea kama mtoto. Na mimi nikaona nikisema sasa kwamba haikuwa hivyo, uso huo utazimika mbele ya mgeni, na utaniuliza kuanzia lini.

Nikasema ndiyo.

Akaandika kiapo changu, halafu akakuuliza wewe unajua nini, ukasema unajua baba yako aliitoa namba hiyo kwa mkono wake mwenyewe. Akaandika chako pia. Tukaenda kwa kamishna wa viapo, ukainua mkono, ukatia sahihi ile yako yenye mkia, muhuri ukagongwa. Nilisikia ule muhuri, maitu. Mpaka leo ninausikia.

Miezi ikapita, jaji akatupa amri ya kuisimamisha kampuni ya viwanja isiguse ardhi hiyo mpaka kesi isikizwe, tukala nyama, unakumbuka. Halafu mwezi uliopita Nafula akanipigia nije peke yangu. Mezani alikuwa na nakala ya kile kitabu cha kampuni. Wakili wa upande ule alikuwa amekichimbua. Jina langu, barabarani. Jina la Kimani, kijitoni. Hakunifokea. Alifunga mlango, akakaa, akasema, "Mzee, sasa niambie ile ya kweli." Nikamwambia yote, hata mama yako kukaa chini kwenye vumbi. Alikuwa anaandika na anatingisha kichwa. Mwishoni akasema, "Lakini hii ndiyo hadithi nzuri. Mbona ulinipa ile nyingine?"

Kwake hoja zilikuwa pale pale: tulibadilishana mbele ya mashahidi, tukakaa na kulima miaka yote hiyo, tukazika mtu wetu, na mwenye jina kwenye karatasi hakukataa kitu maisha yake yote. Hizo ni hoja zenye mifupa, anasema. Lakini kama kesi inasikizwa vile ilivyo, nitapanda kizimbani, nionyeshwe kitabu, nionyeshwe kiapo, na jaji hatasikia kitu kingine baada ya hapo. Ataamua. Na akishaamua kwamba sina haki, sitaweza kurudi tena na hoja hizo hizo kwa mtu yule yule. Zinazikwa na hukumu. Tena hata njia tuliyopita haikuwa yenyewe. Tulipeleka ombi la haki za katiba, na hii ilitakiwa kesi ya kawaida ya ardhi, yenye mashahidi.

Nikamuuliza kama kuna njia nyingine. Akasema ipo moja. Tuondoe ombi kabla halijasikizwa, tumwombe jaji aandike kwamba hakuamua chochote, na hoja zibaki wazi, halafu turudi na ukweli kupitia mlango unaofaa.

Nikafurahi. Karibu nimshike mkono. Halafu nikauliza, "Na ile amri ya kusimamisha?"

Akafunga kalamu yake. "Inaisha dakika ile ile, Mzee. Mpaka tuombe nyingine, na jaji akubali."

Nikiendelea, hoja zinakufa. Nikiondoa, hoja zinabaki, lakini mama yako analala wazi. Nilishuka zile ngazi nikikosea vidato.

Sikukuambia. Nikajiambia nijaribu kwanza njia ya mkato, nimwendee Njoroge. Ile Jumamosi nilikudanganya ninaenda kumtembelea mgonjwa, nilikuwa Ruiru. Ana duka la vifaa vya ujenzi huko, kubwa, mabati mpaka nje. Amenenepa, anafanana na Kimani aliyepuliziwa hewa. Alinipokea vizuri sana, akaniita baba, akaniletea chai na mkate, akamfukuza mteja kwenye kiti ili nikae. Nikamwambia Njoroge, wewe unajua duka la babako lilikuwa barabarani, ulilala humo juu ya magunia. Sema tu hivyo kortini. Akasema alikuwa mtoto, mambo ya wazee hakuyajua, yeye anafuata karatasi. Akaniambia nichukue ya barabarani, kwa karatasi ni yangu, na siku hizi kila mtu anaitaka. Yeye hataidai. Kampuni nayo itamhamisha mama yako kwa heshima, na jeneza jipya. Alilisema hilo la jeneza jipya kama mtu anayekupatia kofia.

Nikamwambia babake angemzaba kofi. Hapo ndipo alipoinama, akashusha sauti, na bado alikuwa ananiita baba.

"Baba, mimi sitaki vita. Lakini ukipanda kizimbani, wataanza na wewe, halafu watamwita na Wangari. Kiapo chake wanacho. Huyo si anangoja barua ya kazi ya serikali?"

Nilimaliza ile chai. Sijui kwa nini. Niliimaliza yote na mkate, nikasema asante. Nikatoka nikasimama kando ya mabati, miguu imekataa, mpaka kijana mmoja akaniuliza kama nataka kununua.

Nimewahi kuogopa kabla ya hapo. Niliogopa mashine iliponyofoa kidole cha mwenzangu, niliogopa mama yako alipoanza kukohoa. Lakini uoga huo ulikuja kutoka nje. Huu nilikuwa nimeutengeneza mwenyewe, nikaupamba kwa miaka mingi, nikaushika mkono nikakuletea wewe utie sahihi.

Nikampigia Nafula nikamwambia tuondoe. Akasema sawa, lakini mwambie Wangari kwanza, yote, kabla ya Jumanne. Nikasema nitakuambia. Jumatatu akauliza, umemwambia? Nikasema nimemwambia. Unaona mtu ambaye haponi. Niko na nyumba inawaka na bado nawasha kiberiti.

Kwa hivyo Jumanne ulikaa nyuma yangu ukidhani tumekuja kupigana. Nafula akasimama, akasema tunaomba kuliondoa ombi, na nikasikia kiti chako. Sikugeuka. Nikasikia viatu vyako, nikasikia mlango. Ulitoka wakati sentensi ilikuwa nusu, Wangari, na nusu iliyobaki ndiyo ninayotaka uende nayo.

Wakili wa kampuni alisimama, yule mrefu anayejipaka mafuta mengi, akasema hana shida ombi likiondolewa, mradi mahakama iamuru nisirudi tena na jambo hili maisha yangu yote. Alisema nimechosha watu. Nafula akasema hapana, hakuna lililosikizwa, kwa hivyo hakuna lililokwisha. Walibishana kwa Kiingereza kirefu. Mimi nilikuwa nahesabu vigae vya sakafu. Halafu jaji akanitazama juu ya miwani, akaacha Kiingereza.

"Mzee, unaelewa unachokifanya leo?"

"Ninaelewa, mheshimiwa. Ndiyo maana unaniona natetemeka."

Watu wakacheka. Yeye hakucheka. Akaandika muda mrefu, halafu akasoma. Ombi limeondolewa. Mahakama haijaamua hoja yoyote ya upande wowote, na kila upande uko huru kuzileta tena mahali panapofaa. Akageuza ukurasa. Amri ya kusimamisha imeisha leo.

Yote matatu aliyasoma kwa sauti ile ile, kama mtu anayesoma majina ya wanafunzi.

Hujui pia la jana. Nilikwenda Gatuanyaga na bodaboda, nikakuta vigingi vipya, vyeupe safari hii, na vijana wawili wa kampuni wanakula mandazi kwenye ukingo wa kijito. Hawakuwa na ubaya. Mmoja alinipa shikamoo. Nikamuuliza kazi inaanza lini, akasema trekta inakuja Ijumaa asubuhi, kesho hiyo. Akaniuliza kama nina jamaa hapo. Nikasema nina mke. Akaacha kutafuna.

Nafula anasema kesi mpya itaingia Jumatatu, ama Ijumaa jioni akikimbia sana, na ataomba amri mpya siku hiyo hiyo. Jaji anaweza kuitoa, anaweza kuikataa. Kati ya kesho asubuhi na hapo hakuna karatasi yoyote duniani inayomlinda mama yako. Nimekifikiria hicho kipande cha muda mpaka kimekuwa kirefu kuliko ndoa yangu.

Kiapo kipya nimeshaapa leo asubuhi, wewe ukipiga pasi. Nimesema nilitoa ya barabarani. Nimesema kile cha kwanza hakikuwa kweli na kwamba wewe ulisema ulichosema kwa sababu mimi nilikulisha. Kamishna ni yule yule. Akasoma, akanitazama, akagonga.

Sasa kuna chako. Nafula anasema unaweza kuapa kingine cha kusahihisha, hata huko Lodwar kuna mtu wa kuapisha, na ukifanya hivyo mapema wewe mwenyewe, kabla hujaitwa, ni vizuri kwako. Nimeandika simu yake nyuma ya bahasha. Mpigie yeye. Usinipigie mimi kuniuliza useme nini, maana ameniambia nikikutia neno mdomoni tena atanifukuza na atakuwa sahihi. Kuna siku ya mazishi. Anasema siku ile ndiyo uti wa mgongo wa kesi: nani alikuwepo, nani alishika jembe, nani angeweza kukataa na hakukataa. Tayari nimesema mengi, futa hiyo. Ulikuwa na miaka kumi na minne, ulikuwa mbele, na macho yako yalikuwa makavu kuliko yangu. Andika ulichokiona. Kama hukuona, andika hukuona, hata kama ndiyo itakayotuangusha. Na pale watakapokuuliza kwa nini kiapo cha kwanza kilisema vile, usinipunguzie. Sema baba yangu alinidanganya. Ni maneno matatu, mimi nimechukua karatasi hizi zote.

Ninaogopa hutaandika. Ninaogopa pia utaandika kwa kunihurumia, ukaremba. Hilo la pili linanitisha zaidi, kwa sababu mkia wa sahihi yako ni wangu.

Huko unakokwenda utatia sahihi kila siku. Dawa hii imepewa saa hii. Mtoto huyu amezaliwa akilia. Mtu mkubwa atasimama karibu nawe, ama mtu unayempenda, na karatasi itakuwa inangoja, na itakuwa rahisi sana kumwangalia usoni kabla hujajibu. Mimi nilimwangalia mtu usoni. Alikuwa anatabasamu, alikuwa ni wewe, na bado halikuwa jibu.

Nimefika mahali ambapo ningekuambia jambo la kuchekesha na silioni. Shangazi yako bila shaka amefika kwa chui.

Kesho asubuhi ukitoka hapa utaangalia kitanda changu ukute hakuna mtu. Usidhani nimekukwepa. Jirani atakubebea sanduku mpaka stendi, nimemwomba, na ameapa hataongea siasa. Mimi nitakuwa nimeondoka na bodaboda ya kwanza kwenda Gatuanyaga, na kiti changu cha kukunja. Nitakiweka kando ya mama yako, upande wa vigingi. Sina amri, sina mtu, na goti la kushoto unalijua. Trekta ikija nitamwambia dereva hoja zangu, zote ziko wazi, jaji amesema. Kama atasikiliza sijui. Kama nitaweza kubaki nimekaa, hata hilo sijui. Miguu iliyokataa pale Ruiru ndiyo hiyo hiyo naenda nayo.

Nilitaka kukushika mkono ukiondoka. Nimechagua kwa mama yako, na ninajua angenifukuza nirudi kwako, kwa hivyo mtaniteta nyote wawili.

Simu nitaiweka mfuko wa shati, nimeichaji. Ukifika mahali popote penye mtandao, piga. Si lazima uwe umenisamehe, wala usinisalimie kama hutaki. Uliza tu kama mama bado yuko pale. Nitageuka, nitaangalia, halafu nitakuambia ninachokiona.

Baba yako